Likizo yenye malipo si utalii

Juzi nimemsikia tena msimulizi wa filamu ya kumbukumbu akituambia kwamba tunawaona "Wafaransa wakiwa katika utalii, kiangazi cha 1936". Kwenye picha, mume na mke wanaendesha baiskeli moja ya viti viwili, hema limefungwa nyuma, mume kavaa kapelo ya kiwandani. Hao si watalii. Wafaransa wana neno lao: congés payés, yaani likizo yenye malipo. Unaacha kazi kwa siku zilizowekwa na sheria, na mshahara hauguswi. Sheria ya 20 Juni 1936 iliweka siku 15 kwa mwaka.

Congé limetoka kwenye Kilatini, commeatus, ruhusa ya kuondoka, kama ile aliyopewa askari. Kiswahili nacho kimepita njia hiyohiyo: likizo ni kutoka kulikiza, kumpa mtu ruhusa aache kazi kwa muda, na mtoto anayeachishwa ziwa naye analikizwa. Lazima awepo anayeshika na anayeachiwa. Mtalii hashikwi na mtu. Akiwa na nauli, anaondoka.

Watumishi wa serikali ya Ufaransa walikuwa na likizo ya malipo tangu 1853. Wengi wa viwandani, wakikosa kazini wiki moja, ujira wa wiki hiyo umekwenda. Mei 1936 Front populaire, muungano wa vyama vya mrengo wa kushoto, ikashinda uchaguzi, na kufikia Juni karibu wafanyakazi milioni 2 walikuwa wamegoma, maelfu kwa maelfu wakilala ndani ya viwanda. Picha za siku hizo zipo: watu wanacheza kodiani uani, kapu la chakula linavutwa juu kwa kamba. Waajiri wakasaini nyongeza ya mishahara. Likizo ikafuata bungeni.

Léo Lagrange, aliyesimamia michezo na burudani katika serikali ya waziri mkuu Léon Blum, akawapatia wafanyakazi tiketi za treni zilizopunguzwa asilimia 40. Wapinzani wakaiita ofisi yake wizara ya uvivu. Na congés payés likageuzwa jina la watu wenyewe, kwa dharau, pale walipotokea kwenye fukwe zilizozoea matajiri.

Tena wengi hawakuiona bahari mwaka ule. Walikwenda kijijini kwa wazazi, au walibaki nyumbani, na bado walikuwa likizoni. Basi, ndugu msimulizi, palipo na "utalii" weka tu "likizoni".