Udhanifu si kudhani: sanaa, uhuru na maumbile kwa wanafalsafa wa Ujerumani

Tangu idara yetu ya falsafa ianze kupokea insha za wananchi juu ya sanaa na uhuru, dawati langu limepata malalamiko ya aina mbili. Wapo wanaolalamika kwamba insha zao zimerudishwa kabla hazijapewa alama. Hao nitawajibu huko chini kwa kirefu, maana utaratibu upo na ulitangazwa. Wapo pia wanaouliza kwa nini chuo cha umma kitumie jioni nzima kuwasoma Wajerumani wa miaka 200 na zaidi iliyopita ambao, kwa maneno ya barua moja, "walikaa wakidhani tu". Barua hiyo ndiyo iliyonisukuma kuandika.

Kosa linaanzia kwenye neno. Kiswahili cha vyuoni huiita falsafa hii udhanifu. Msikilizaji akisikia udhanifu anasikia kudhani, na kudhani kwetu ni kukisia jambo usilo na hakika nalo. Hapo anafunga kitabu. Neno la kushika ni dhana, yaani kile ambacho akili inakileta yenyewe mpaka mambo yanayotujia yakaeleweka. Immanuel Kant, Mjerumani ambaye falsafa hii inaanzia kwake, hakusema kwamba mwembe ulioko uani ni ndoto. Alisema akili si kapu la kutiliwa tu, bali ina mkono wake katika kuupanga ulimwengu tunaoujua. Nimelieleza hili katika kila mhadhara, na naomba sasa tulimalize.

Neno la pili ni uhuru. Insha nyingi zinaanza kwa kusema kuwa uhuru ni kufanya upendalo, kisha zinahitimisha kuwa msanii huru ni yule asiyeulizwa. Kwa Kant huo ni uholela. Anayefuata kila linalomvuta, iwe njaa, hasira au tamaa ya sifa, anakwenda kama maji yanavyoteremka mlima, wala hakuna anayeyasifu maji kwa kuchagua bonde. Aliye huru ni yule anayejitungia sheria na kuitii kwa sababu ni yake. Kiswahili hapa kinatusaidia kuliko lugha nyingine ninazozisoma: Bunge hutunga sheria, mshairi hutunga shairi, na bibi aliyeketi barazani hutunga shanga kwenye uzi. Kitenzi ni hicho hicho kimoja. Anayetunga haachi mambo yaende ovyo, wala hasukumwi na mtu.

Sasa shida yenyewe. Kant aliandika vitabu vitatu alivyoviita uhakiki, yaani uchunguzi wa uwezo wa akili na mipaka yake. Katika uhakiki wake wa kwanza, wa mwaka 1781, alionyesha kwamba kila tukio katika maumbile lina sababu iliyolitangulia. Katika ule wa pili, wa 1788, alishikilia kwamba binadamu ni huru na anawajibika. Yote mawili anayataka, na yakikaa pamoja yanagombana. Yeye mwenyewe, katika utangulizi wa uhakiki wa tatu wa 1790, anasema kuna korongo kubwa kati ya eneo la maumbile na eneo la uhuru. Kitabu hicho cha tatu ndicho kinachozungumzia uzuri, na hakikuandikwa ili kuwapa watu wenye nafasi maneno mazuri ya kuzungumzia picha ukutani. Kinatafuta mahali ambapo korongo hilo linaweza kuvukwa.

Kuna kisa kimoja katika kifungu cha 42 ambacho kila mwandishi wa insha angekisoma mara mbili. Ni jioni tulivu ya kiangazi, mwezi unaangaza kwa upole, na wageni wamekuja shambani kupumzika. Wanachosubiri ni wimbo wa ndege mdogo wa Ulaya aimbaye usiku, ambaye washairi wamemsifu sana. Siku hiyo ndege hayupo. Mwenyeji hataki kuwavunja moyo wageni, kwa hiyo anamficha kichakani kijana mtundu anayejua kuuigiza wimbo ule kwa unyasi mdomoni. Wageni wanaburudika. Lakini wakishajua ni kijana, anasema Kant, hakuna atakayevumilia kuusikiliza kwa muda mrefu, ingawa dakika moja kabla waliona ni mtamu kupita kiasi.

Sauti ni ile ile. Kilichobadilika ni nini? Kwa Kant, mtu anayependa uzuri wa maumbile anapata humo ishara fulani. Ulimwengu ambao hakuuumba unaonekana kana kwamba umepangwa kupatana na akili yake, ingawa hakuna aliyemwahidi hivyo. Ikiwa ni hivyo, basi huenda uhuru wake nao si mgeni humu duniani. Kijana wa kichakani anaichukua ishara hiyo na kuweka mahali pake kitu alichoagizwa. Mtaani tuna neno la jambo hili: tunasema mtu "ametufanyia usanii", tukimaanisha ametuhadaa. Nasikitika kwamba neno la heshima kama usanii limebebeshwa maana hiyo, lakini mtaa umegusa jambo la kweli. Kant anasema sanaa ni nzuri pale tu tunapojua kwamba ni sanaa, na bado ikaonekana kama maumbile. Masharti ni mawili, na waandishi wengi wa insha wanashika la pili wanaliacha la kwanza. Kijana yule amelikosa la kwanza kwa sababu amejificha. Mpiga filimbi aliyesimama mbele yetu hajifichi, na akipiga wimbo ukatiririka kama kwamba haukufunzwa, hapo ndipo tunaposema ana kipaji. Kant anakifasiri kipaji cha juu kabisa kuwa ni tabia ya asili ambayo kwayo maumbile yenyewe yanaipa sanaa kanuni yake.

Niweke wazi kabla sijaendelea: haya ni maelezo ya kifalsafa. Si msimamo wa chuo kuhusu kanuni zozote za vibali vya maonyesho, ukaguzi wa kazi za sanaa au leseni za wasanii. Masuala hayo yana mamlaka zake, na barua zinazotutaka tutoe kauli juu yake hatuwezi kuzijibu.

Friedrich Schiller, mshairi na mwandishi wa michezo ya kuigiza, aliyasoma hayo akiwa mtu aliyekwisha kuonja adhabu. Mwaka 1782, akiwa daktari wa kikosi huko Stuttgart, alivuka mpaka bila ruhusa kwenda Mannheim kwa ajili ya mchezo wake wa kwanza wa kuigiza. Duke Karl Eugen, mtawala wa huko Stuttgart, alimweka kizuizini siku 14, kisha akamkataza kuandika michezo. Septemba mwaka huo Schiller alitoroka. Miaka tisa baadaye alipokuwa mgonjwa na hana kitu, mtu mmoja wa ukoo wa kifalme huko Denmark alimpa posho ya miaka mitatu, na Schiller akamlipa kwa barua juu ya uzuri. Barua hizo ziliteketea katika moto ulioliunguza kasri la Copenhagen mwaka 1794. Akaziandika upya, na mwaka 1795 zikachapishwa katika jarida lake. Ndizo tunazozisoma leo kwa jina la barua juu ya malezi ya kijumi, yaani malezi kwa njia ya uzuri, ya binadamu.

Tarehe hizo zina uzito. Mapinduzi ya Ufaransa yalikuwa yametangaza uhuru, Bunge la Paris likampa Schiller mwenyewe uraia wa heshima mwaka 1792, na miezi michache baadaye mfalme wa Ufaransa akakatwa kichwa hadharani. Alijiuliza kwa nini watu waliopewa sheria nzuri walizitumia hivyo. Jibu lake katika barua ya pili ni kwamba ni kwa kupitia uzuri mtu hufika kwenye uhuru. Binadamu ana msukumo wa hisi, unaomvuta kwenye kile anachokigusa na kukitamani sasa hivi. Ana pia msukumo wa umbo, unaodai kanuni na mpangilio. Ukitawala wa kwanza peke yake anakuwa mshenzi wa tamaa. Ukitawala wa pili peke yake anakuwa katili wa kanuni, na huyu wa pili Schiller anamwona ni wa kudharauliwa zaidi. Inapopatana hiyo miwili unazaliwa msukumo wa tatu, ambao anauita wa mchezo.

Mchezo hapa si mzaha, na si porojo za vijiweni. Msomaji wa Kiswahili ana mfano wake nyumbani. Chukua shairi la mizani 16 katika kila mshororo, nane kwa nane, kina cha kati na kina cha mwisho. Mtunzi mchanga anazihesabu mizani kwa vidole, na unasikia jinsi anavyolitesa neno litoshee. Malenga hahesabu. Kanuni ni ile ile, haikulegezwa hata silabi moja, lakini kwake imekuwa kama mwendo wa miguu yake. Hisia inapita ndani ya umbo bila kusukumwa, wala umbo halivunjwi na hisia. Schiller anasema binadamu ni mtu kamili pale tu anapocheza, na nadhani malenga angelielewa hilo haraka kuliko mhadhiri.

Sasa utaratibu wa insha, maana ndipo malalamiko yanapotoka. Insha iletwe nakala mbili, zilizochapwa upande mmoja wa karatasi, kurasa zikiwa na namba. Jina la mwandishi liwe kwenye karatasi ya mbele tu. Likionekana ndani ya insha, insha inarudishwa, kwa kuwa wasomaji wetu hawapaswi kujua wanamsoma nani. Ukimnukuu Kant, taja juzuu na ukurasa wa toleo la Akademia, yaani mkusanyo wa kazi zake ambao wasomi wote huunukuu: uhakiki wa tatu uko katika juzuu ya 5. Kwa uhakiki wa kwanza tumia herufi A kwa chapa ya 1781 na B kwa chapa ya 1787, na kama maneno yamo katika zote mbili, taja zote mbili. Schiller ananukuliwa kwa namba ya barua. Kuandika "Kant anasema" bila zaidi si marejeo, na kutaja tovuti ya nukuu za watu maarufu si marejeo vilevile. Insha yenye upungufu wa marejeo inarudishwa mara moja kwa marekebisho, ndani ya siku 21. Ikirudi bila kurekebishwa, imefungwa. Insha iliyonakiliwa kwa mwingine bila kumtaja inafutwa, na mwandishi hapokelewi kwa misimu miwili. Nakala ya uamuzi inawekwa kwenye jalada lake. Rufaa ni kwa maandishi, ndani ya siku 14, kwa mwenyekiti wa idara, si kwangu. Simu hazihesabiki kama rufaa.

Miongoni mwa zilizorudishwa kwa marekebisho ilikuwamo insha ya mchongaji wa mpingo. Hakuwa ametaja ukurasa hata mmoja, kwa hiyo kanuni ilifuatwa. Lakini ukurasa wake wa nne niliusoma nikiwa nimesimama. Anaeleza jinsi anavyoligonga gogo kwa mpini wa tezo, akisikiliza palipo na uwazi, na jinsi alivyoanza siku moja kuchonga mzee aliyeketi, akakuta kifundo mahali alipotarajia bega. Angeweza kulitupa gogo. Badala yake akakifuata kifundo, na mzee akawa amebeba mtoto. "Sikumkusudia mtoto," ameandika, "lakini ni kazi yangu."

Mwanafalsafa Schelling alikuwa na miaka 25 alipotoa kitabu cha 1800 kinachosema jambo hilo hilo. Kwa Fichte, mwanafalsafa aliyemfuata Kant, maumbile yalikuwa kama ukuta ambao nafsi inausukuma ili ijijue kuwa ina nguvu. Schelling, aliyesoma seminari ya Tübingen pamoja na mwanafalsafa Hegel na mshairi Hölderlin, aliukataa ukuta huo. Kwake maumbile ni roho inayoonekana, na roho ni maumbile yasiyoonekana. Kile kinachochipua katika mbegu bila kujijua ndicho kinachofikia kujijua ndani ya mtu. Basi ni wapi tunapoviona viwili hivyo, kisichojijua na kinachojijua, vikifanya kazi pamoja? Katika kazi ya sanaa, anajibu. Msanii anaanza kwa nia na ufundi, jambo la uhuru. Kazi inapomalizika ina ndani yake kitu ambacho hakukikusudia, kana kwamba maumbile yamemaliza alichokianza. Mwanafalsafa anaweza kulisema jambo hilo tu, ila msanii analiweka mbele ya macho. Oktoba 1807, mbele ya Akademia ya Sayansi ya Munich, Schelling aliwahimiza wasanii wasinakili ngozi ya maumbile bali waifuate nguvu inayofanya kazi ndani yake.

Kwa Hegel nitakuwa mfupi, kwa kuwa ndiye anayenukuliwa vibaya kuliko wote. Hakusema sanaa imekufa. Alisema kwamba, kwa upande wa wito wake wa juu kabisa, sanaa kwetu ni jambo lililopita: tunaweza kuiona sanamu ya mungu wa Kiyunani kuwa bora kabisa, lakini hatupigi magoti tena mbele yake. Na mihadhara yake juu ya sanaa, yalimo maneno hayo, ilihaririwa na mwanafunzi wake Hotho, ikatoka kati ya 1835 na 1838, Hegel akiwa amefariki tangu 1831, kwa hiyo msinukuu kila sentensi kana kwamba aliiandika kwa mkono wake. Humo kuna kijana mwingine, anayerusha mawe mtoni na kuyashangaa mawimbi ya duara yanayotanuka, kwa sababu ndani yake anaona alichokifanya yeye. Kwa Hegel sanaa inaanzia hapo, na ndiyo sababu anauweka uzuri wake juu ya uzuri wa maumbile.

Swali ambalo wengi wameliuliza kwa uchungu ni halali: ndiyo, Hegel huyo huyo alifundisha kwamba Afrika haina historia. Alikosea, na kosa hilo lilitumika kutudhuru. Alifundisha Jena, chuo ambacho Anton Wilhelm Amo, mzaliwa wa Ghana ya leo, alikuwa amekwisha kufundisha falsafa miongo sita kabla yake. Tunamsoma Hegel tukilijua hilo, na insha inayomkosoa kwa hoja na kurasa inapokelewa sawa na nyingine.

Insha ya mchongaji imerudi ndani ya siku 21, na imepokelewa. Ameongeza kifungu cha 46 cha Kant, juzuu ya 5, ukurasa wa 307, pembezoni mwa habari ya kifundo.