Modi ya gemu ni nini, na laptopu ya mtumba inaibebaje

Mpwa wangu alinipigia saa tatu usiku. "Shikamoo mjomba. Ile gemu ya GTA San Andreas imegoma. Nimeweka daladala, sasa hata menyu haiji."

Marahaba, nikamwambia, usiguse kitu, kesho niletee. Laptopu yenyewe ni ya mtumba: RAM GB 4, diski ya kuzunguka ya zamani, picha zinachorwa na Intel iliyo ndani ya prosesa. Kwa siku moja alikuwa ameipachika modi 31. Nilipomuuliza modi ni kitu gani hasa, alinijibu, "Si ni vitu vya kuongeza kwenye gemu?" Jibu hilo ni nusu tu, na ile nusu aliyoiacha ndiyo iliyoua San Andreas yake.

Modi ni faili, au rundo la faili, lililotengenezwa na mtu ambaye kwa kawaida si mwenye gemu, unaloliingiza ndani ya gemu ili lionyeshe au lifanye kitu ambacho wenyewe hawakukiweka. Linaweza kuongeza, kubadilisha, kurekebisha, hata kupunguza. Kazi hiyo vijana wanaiita kumodi, na gemu ikishaguswa imemodiwa.

Wengi wetu neno hili tulilisikia kwanza kwenye simu, kwa GB WhatsApp na zile APK za "pesa bila kikomo". Hizo ni ndugu wa mbali. GB WhatsApp ni programu nzima iliyofumuliwa na kushonwa upya na mtu usiyemjua, nawe unamkabidhi meseji zako zote. WhatsApp wenyewe huwafungia akaunti wanaoitumia. Modi ya kompyuta kwa kawaida haifumui programu nzima. Inakaa pembeni ya gemu uliyonayo na kuiambia, "badala ya gari lile, chora hili." Chiti nayo ni kitu kingine: modi ya kukupa ushindi dhidi ya watu mtandaoni. Siizungumzii hapa, ila ujue kwamba mifumo ya kuzuia udanganyifu, kama ule wa kampuni ya magemu ya Valve, haina muda wa kusikiliza kwamba ya kwako ilikuwa ya urembo tu. Modi zako zibaki kwenye gemu unayocheza peke yako.

Wenye magemu hawajaanza leo kuziachia modi mlango. Gemu ya Doom ilipotoka mwaka 1993, picha, sauti na ramani zake ziliwekwa kwenye faili za WAD, kando na injini, yaani programu inayoiendesha gemu, na watu wakaanza kutunga ramani zao bila kugusa injini. Counter-Strike ilianza mwaka 1999 kama modi ya Half-Life, gemu ya Valve, kazi ya vijana wawili. Valve wakaichukua, na mwaka uliofuata ikauzwa madukani.

Turudi kwa San Andreas. Ilitoka mwaka 2004 kwenye PlayStation 2 na 2005 kwenye kompyuta, na kiwango cha chini ilichodai ni RAM ya MB 256. Laptopu ya mpwa wangu inazo mara 16 ya hizo. Gemu tupu inateleza humo kama mchuzi wa nazi. Kwa hiyo ukisikia mtu analalamika kwamba San Andreas inakwama, uliza kwanza amebandika nini.

Na kabla hujabandika, jambo la kuuliza ni moja: modi hii imebeba picha au imebeba amri?

Modi ya picha inabeba maumbo na rangi. Kwenye San Andreas, faili ya DFF ni umbo la kitu, bodi ya gari kwa mfano, na TXD ni zile picha zinazovalishwa juu ya umbo hilo, ambazo wachezaji huziita tekscha. Ukichora daladala la Mbagala kwa rangi zake na maandishi ya mlangoni, umegusa TXD. Faili za namna hii zikiwa mbovu, gemu itajifunga, au gari litatokea jeupe kama limechovywa kwenye unga. Ni nadra sana madhara yakavuka mpaka wa gemu.

Modi ya amri ni habari nyingine kabisa. Hapa kuna ASI, ambayo kiukweli ni DLL (faili ya amri inayopakiwa na programu za Windows) iliyobadilishwa jina, kuna hati za CLEO, yaani amri zilizoandikwa za kuendesha mambo ndani ya gemu, na kwenye gemu ya Minecraft, ile ya Java, kuna faili za JAR. Hizi zinaendeshwa. Faili ya ASI ikishapakiwa inafanya kazi kwa ruhusa zile zile ulizonazo wewe uliyeketi mbele ya laptopu: inaweza kufungua folda zako, kusoma paswedi zilizohifadhiwa kwenye kivinjari, kutuma vitu nje. Nyingi hazifanyi hivyo, na bila modi za amri tusingekuwa na mambo mazuri. Lakini uwezo huo inao.

Wala usidhani tovuti kubwa inakukinga moja kwa moja. Juni 2023, akaunti za baadhi ya watengenezaji wa modi za Minecraft kwenye CurseForge, tovuti kubwa ya kupakulia modi, zilivamiwa, na ndani ya modi zikapachikwa virusi vilivyokuja kuitwa Fractureiser. Viliiba vidakuzi vya kivinjari, vile vinavyokumbuka kwamba umeshaingia kwenye akaunti, na taarifa za kuingilia akaunti, kisha vikajipandikiza kwenye faili nyingine za JAR zilizokuwa kwenye kompyuta ile ile. Waliopata hasara wengine walikuwa wamepakua mahali panapoaminika. Ndiyo maana modi ya amri iliyotoka leo asubuhi mimi siigusi. Naiacha ikae wiki mbili tatu, wenye haraka waionje kwanza.

Kwenye laptopu ya mpwa wangu nilikuta faili inaitwa daladala_mpya.zip, na kialama chake ni kile kile cha folda iliyofungwa kwa zipu. Windows ina tabia mbaya: bila kuiambia, inaficha herufi za mwisho za jina la faili. Nikafungua menyu ya View, nikaweka tiki kwenye "File name extensions", na jina likajitokeza lote: daladala_mpya.zip.exe. Ukubwa wake MB 3. Maelezo aliyoyasoma wakati wa kupakua yalisema modi ina mabasi 12 yenye picha kali. Mabasi 12 ya picha kali hayaingii kwenye MB 3 hata kwa dua. Alikuwa ameibonyeza mara mbili, Windows Defender ikaizuia, naye akakata tamaa akahamia modi nyingine. Kwenye maelezo yale yale palikuwa na sentensi ambayo ukiikuta popote ukimbie: "Zima antivirusi kwanza." Ni kweli antivirusi hushuku hata ASI za watu waaminifu mara moja moja, kwa sababu zinajiingiza ndani ya programu nyingine, na tabia hiyo inafanana na ya virusi. Hata hivyo, kati ya kukosa daladala na kuacha mlango wazi usiku kucha, mimi nakosa daladala.

Kwa anayehesabu bando kuna njia ya kukagua faili bila kuipakia yote mtandaoni. Tovuti ya VirusTotal hupima faili kwa makumi ya antivirusi kwa pamoja, lakini kupandisha MB 400 ni kuchoma pesa. Badala yake fungua dirisha la amri (Command Prompt) kwenye folda hiyo, uandike certutil -hashfile, jina la faili, kisha SHA256. Utapata mstari mrefu wa herufi na tarakimu, ambao ni kama alama ya kidole ya faili hiyo. Unakili mstari huo, uubandike kwenye sehemu ya kutafutia ya VirusTotal. Kama kuna mtu alishaipima faili ile ile duniani, majibu yanakuja kwa bando dogo tu. Majibu safi hayakupi hakikisho, ila majibu machafu yanatosha kukufanya uifute.

Sasa ile modi iliyoua gemu. Haikuwa virusi, ilikuwa mkono wake mwenyewe. Ndani ya folda ya models, San Andreas ina faili moja kubwa, gta3.img, ambamo magari, watu na majengo yamepangwa kama nguo kwenye sanduku. Video moja ilimfundisha alifungue sanduku hilo kwa programu maalumu, atoe basi la zamani, aweke jipya, ajenge upya. Umeme ukakatika katikati ya kujenga, betri ya mtumba unaijua, na sanduku likabaki nusu. Nakala ya akiba hana. Nililitoa upya kwenye DVD yangu ya zamani.

Kulifungua sanduku hilo kulikuwa lazima miaka ile. Siku hizi kuna Mod Loader. Ukishaiweka, ndani ya folda ya gemu unakuwa na folda inayoitwa modloader, na kila modi unaipa folda yake humo: modloader, ndani yake daladala, ndani yake DFF na TXD. Gemu ikiwaka, Mod Loader inaipokea njiani na kuipa faili hizo badala ya zile za asili. Sanduku halijaguswa. Umechoka na daladala? Futa folda yake, na basi la zamani linarudi barabarani. Gemu ikigoma, toa nusu ya folda, iwashe. Ikigoma tena mbaya iko kwenye zilizobaki, igawe tena. Kwa modi 31 unampata mkorofi kwa kuwasha mara tano. Uzuri mwingine ni kwamba hata wewe unaanza kuzijua modi zako kwa majina.

Kwa sababu hiyo hiyo, gemu ya kumodi usiiweke ndani ya Program Files. Windows inailinda folda hiyo, na utajikuta unaipa kila kitu ruhusa ya msimamizi ili tu kikubali. Tengeneza folda yako, C:\Michezo, uweke humo. Modi inayodai ruhusa ya msimamizi ili ibadilishe rangi ya basi ina jambo lake.

Upande wa nguvu za laptopu, hesabu ni hii. Picha ya ukuta yenye nukta 256 kwa 256, bila kubanwa, inakula KB 256 za kumbukumbu. Ukuta ule ule kwa nukta 2048 kwa 2048 unakula MB 16, yaani mara 64. Kubanwa kunapunguza, lakini uwiano unabaki. Mtu akikuambia modi yake "inaifanya San Andreas ionekane ya 2024", anakuambia kila ukuta, mti na lami vimenenepa hivyo. Intel ya ndani ya prosesa haina kumbukumbu yake. Inakopa kwenye hizo hizo GB 4 ambazo Windows imeshazilalia. Halafu San Andreas ni programu ya biti 32, na kwa kawaida Windows huipa nafasi ya GB 2 tu, hata kama laptopu yako ina GB 16. Ikizifikia, inajifunga bila kuaga. Kwa hiyo kile kifurushi cha picha cha GB 6 kinachosifiwa kila mahali hakifai kwa laptopu hii.

Zinazofaa ni zile zisizopigiwa debe. SilentPatch, kwa mfano, haiongezi hata gari moja. Inarekebisha makosa ambayo gemu ilitoka nayo, na hiyo ndiyo modi ya kwanza ninayoiweka. Kwenye Minecraft ya Java, Sodium inapanga upya namna dunia inavyochorwa, na laptopu iliyokuwa inatapatapa inapata pumzi. Hizo ni modi za amri, ndiyo, lakini zina miaka, zina watumiaji wengi, na zinapakuliwa kwa watengenezaji wenyewe, si kwenye folda ya rafiki wa rafiki.

Na usiifukuzie kasi kupita kiasi. San Andreas ina kizuizi cha fremu, yaani picha inazochora kwa sekunde, kwenye menyu yake, na wengi wanakizima wakitaka mwendo laini. Fizikia za gemu hii zimefungwa kwenye fremu, kwa hiyo kasi ikipanda sana CJ, mhusika unayemchezesha, anaogelea kama yuko kwenye uji. Ukitaka laptopu ipumue kweli, pesa yako ipeleke kwa fundi: kipande cha pili cha RAM, maana Intel ya ndani hufurahia vipande viwili kuliko kimoja, na kusafisha feni. Ya mpwa wangu tuliifungua tukatoa vumbi la kutosha kujaza kisanduku cha kiberiti. Prosesa ikipata moto hujipunguzia mwendo yenyewe, na hakuna modi inayotibu hilo.

Alirudi nyumbani na modi nne: kipakizi cha ASI (kile kinachoziingiza faili za ASI ndani ya gemu), Mod Loader, SilentPatch, na daladala moja alilolichagua baada ya kubishana nalo nusu saa. Nilimwonyesha pia zinapokaa faili za hatua za mchezo alizohifadhi, ndani ya Documents kwenye folda ya GTA San Andreas User Files, faili zenye majina kama GTASAsf1.b, akazinakili kwenye flashi kabla hajafunga begi. Jumapili akanipigia tena. Gari lenyewe liko sawa, anasema, ila konda amening'inia hewani upande usio na mlango.