Mjusi kafiri hana sumu

Wengi huamini kwamba mjusi kafiri akitumbukia kwenye sufuria ya mchuzi, walaji wote watakufa. Si kweli, hana sumu. Mchuzi huo umwage, lakini kwa sababu ya uchafu: kinyesi chake kinaweza kubeba bakteria wa salmonela, wanaoharisha watu.

Kumkimbiza kwa fagio ni kazi bure. Atakuachia mkia unaorukaruka sakafuni, mwenyewe yuko nyuma ya kabati. Anachofuata ndani ni mbu na kumbikumbi wanaozunguka taa. Zima taa ya barazani mapema, ziba nyufa, shona wavu wa dirisha uliochanika. Aliyebaki mfunike ukutani kwa bakuli, pitisha kadibodi taratibu, umtoe nje. Maganda ya mayai ambayo watu huyaweka ili kumfukuza? Mimi siyaamini.