Mnara hauamuru wakati, na saa yako haijaharibika

Katikati ya Februari jaduong' mmoja, yaani mzee kwa Kijaluo, alinirudishia saa ile ile kwa mara ya tatu. Ni saa ya kutia ufunguo, aliachiwa na baba yake, na mimi ndiye niliyeisafisha. Aliiweka mezani, akanyoosha kidole nje ya kibanda. "Fundi, tazama kivuli changu. Jua halijafika kati, na saa inasema sita na nusu. Umeiharibu. Twende mnarani tukaone wakati wa kweli."

Huo mnara! Tangu nianze kazi hii Kisumu nimeambiwa kwamba mnara wa saa wa barabara ya Oginga Odinga ndio mkubwa wa saa zote za mji, na kwamba juu yake kuna mwingine London, ule wa Big Ben, unaoupa amri. Kijana mmoja aliniuliza kwa dhati kama kuna kitu kilichofukiwa chini yake kinachoshika wakati. Kilichopo pale ni bamba la maandishi, na ninaomba watu walisome. Mnara ulizinduliwa mwaka 1938. Watoto wa Kassim Lakha waliujenga kumkumbuka baba yao, aliyefika Afrika Mashariki mwaka 1871. Ni ukumbusho wa mzazi. Saa yoyote ya mnara hutiwa majira na binadamu aliyepanda ngazi, naye ameupata wakati kwingine.

Hata ule wa London hausimamii chochote. Juu ya pendulamu yake, yaani fimbo yenye uzito inayobembea, huwekwa sarafu kuukuu za peni, na kila sarafu moja inayoongezwa huiharakisha saa kwa takriban sekunde 0.4 kwa siku. Ingekuwa ndiyo inayoamuru wakati, ingesahihishwa kwa nini? Wakati ambao dunia inaufuata leo hutokana na saa za atomiki zaidi ya 400 zilizotawanyika katika maabara za nchi nyingi. Ofisi ya vipimo iliyoko Sèvres, karibu na Paris, hukusanya hesabu zao na kutafuta wastani. Hakuna hata moja kati yao inayoaminiwa peke yake. Simu iliyo mfukoni mwako, ikiwa imeruhusiwa kujirekebisha kwa mtandao, iko karibu zaidi na wakati huo kuliko mnara wowote wa mawe. Tia saa yako majira kwa simu. Nimelisema hili mpaka koo limekauka.

Sasa turudi kwenye kivuli, maana hapo ndipo jaduong' alipokuwa na hoja. Alikuwa ameona sawasawa, ila alihukumu vibaya. Wengi hufikiri saa sita ya mchana ni jua kuwa utosini, popote ulipo. Kenya inafuata saa tatu mbele ya wakati wa Greenwich kule London, na huo ni wakati wa jua kwenye mstari wa digrii 45 mashariki. Mstari huo haugusi Kenya hata kidogo. Unapita Somalia, karibu na Mogadishu. Kisumu iko kwenye digrii 34 na robo tatu. Jua huchukua dakika nne kuvuka digrii moja, kwa hiyo hutufikia likiwa limechelewa dakika 41. Na huo ni wastani tu. Mwanzoni mwa Novemba jua hufika kati yapata saa sita na dakika 25, na katikati ya Februari karibu saa saba kasoro dakika tano.

Tuliisimamisha fimbo yake mchangani, tukakaa. Kivuli kililalia kaskazini, kikazidi kupungua polepole. Kilipobaki kama shubiri moja kikaacha kupungua. Jaduong' akaitazama saa ya baba yake: saba kasoro dakika tano. Hakusema neno. Kivuli hakikuisha kabisa kwa sababu Februari jua liko kusini yetu. Hapa huja utosini hasa mara mbili tu kwa mwaka, Machi na Septemba.

Mombasa jua hufika kati dakika 20 kabla yetu, ndiyo maana ratiba ya sala iliyochapishwa kwa ajili ya Mombasa haifai Kisumu. Kila mji ungeweza kushika adhuhuri yake, na zamani ndivyo ilivyokuwa. Lakini reli ilipofika hapa ziwani mwaka 1901, garimoshi lisingeweza kwenda na adhuhuri tofauti kila stesheni. Saa moja kwa nchi nzima ni makubaliano ya watu.

Mengine niyapitie haraka. Betri mpya haifanyi saa ikimbie: mwendo unashikwa na kipande cha kwatzi kinachotetemeka mara 32,768 kwa sekunde, na betri kazi yake ni kukilisha tu. Ukubwa wa saa hauongezi usahihi. Na anayesema saa za Kiswahili ni za kienyeji zisizo na hesabu, aangalie macheo ya Kisumu: mwaka mzima yanasogea kwa nusu saa hivi, basi kuhesabu kuanzia asubuhi ni hesabu safi kabisa kwa watu wa ikweta.

Halafu saa ya ukutani ya pendulamu iliyoletwa kutoka Uingereza, inayochelewa kila siku, ambayo mwenyewe anasema imelogwa. Mwaka 1672 Mfaransa Jean Richer alichukua saa ya namna hiyo kutoka Paris hadi Cayenne, karibu na ikweta, ikachelewa dakika mbili na nusu kwa siku. Uvutano wa dunia ni hafifu kidogo huku kwetu, kwa hiyo pendulamu hubembea taratibu. Chini ya ule uzito kuna nati. Izungushe kidogo sana, uzito upande juu, kisha uiache siku nzima kabla ya kuigusa tena. Usisukume mishale kila asubuhi. Ukifanya hivyo utaniletea saa iliyovunjika meno.