Kindi dume na jike: mkia hautoshi kukuambia

Wengi huamini kwamba kindi mkubwa mwenye mkia mnene ni dume, na mdogo aliyepauka ni jike. Kwa kawaida dume na jike hulingana kwa umbo na rangi. Tofauti nyingi hutokana na umri, lishe au kubadilisha manyoya.

Tazama chini ya tumbo. Mngoje asimame kwa miguu ya nyuma akila, mpige picha, kisha uikuze. Kwa dume, tundu la mkojo liko mbali na mkundu, kuelekea kitovu; kwa jike yamekaribiana mno. Anayenyonyesha huonyesha pia chuchu. Kindi wa ardhini wa nyika kavu kama Tsavo ni rahisi zaidi: pumbu za dume huonekana waziwazi. Tafadhali, usimkamate ili umkague. Huuma vibaya, na huenda ana watoto kiotani.