Kidole kinasoma 97, mbona bado anahema? Maswali na majibu kuhusu kupumua

Nimemnunulia mama ile mashine ya kubana kidole. Inasoma 97 lakini anahema. Nitulie?

Usitulie. Mashine hiyo, oksimita, hukuambia jambo moja tu: damu imebeba oksijeni kiasi gani, kwa asilimia. Haisemi mama anatumia nguvu gani kuipata, wala kama kabonidayoksaidi, hewa chafu tunayoitoa kwa pumzi, inatoka mwilini. Mtu anaweza kushikilia 97 kwa kupumua mara 32 kwa dakika hadi misuli imchoke, na ikishachoka namba huporomoka haraka.

Mhesabie pumzi. Mtu mzima aliyetulia hupumua mara 12 hadi 20 kwa dakika. Usimwambie unahesabu, maana akijua hubadilisha mwendo. Mshike kifundo cha mkono kana kwamba unapima mapigo ya moyo, huku macho yako kifuani. Hesabu dakika nzima. Akifika 25 naye ameketi tu, mpeleke hospitali, kidole kisome kitakavyo.

Na hili wauzaji hawalitaji: utafiti uliochapishwa Marekani mwaka 2020 ulionyesha kuwa oksimita huelekea kusoma juu kuliko ukweli kwa watu wenye ngozi nyeusi. Vidole baridi na rangi nzito ya kucha pia huivuruga.

Mapafu huvutaje hewa?

Hayavuti. Mapafu hayana misuli ya kujitanua. Kazi hiyo ni ya kiwambo, msuli mpana unaotenganisha kifua na tumbo, ikisaidiwa na misuli ya katikati ya mbavu. Kiwambo kikishuka na mbavu zikiinuka, kifua hupanuka, shinikizo la ndani hupungua, na hewa huingia yenyewe kama kwenye mivukuto ya mhunzi. Ndiyo maana mtu mwenye mapafu mazima kabisa anaweza kushindwa kupumua: sumu ya dawa za wadudu, jeraha la uti wa mgongo shingoni au polio humaliza misuli, si mapafu.

Anayehema harakaharaka si anapata hewa nyingi zaidi?

Hapa ndipo wengi hukosea, kwa hiyo tufanye hesabu. Mtu mzima huvuta karibu mililita 500 kila pumzi. Kati ya hizo, takriban 150 huishia kwenye mabomba tu, yaani puani, kooni na kwenye njia za hewa, mahali ambapo damu haichukui chochote. Zinazofika kwenye vifuko vya hewa ni 350. Kwa pumzi 12, hiyo ni lita 4.2 za hewa yenye faida kila dakika.

Sasa mchukue mgonjwa anayepumua mara 30, lakini kijuujuu, mililita 200 tu. Jumla anayovuta ni lita 6 kwa dakika, sawasawa na yule wa kwanza (500 mara 12). Ila ukitoa zile 150 za mabombani, kila pumzi inabakiza 50: lita moja na nusu pekee. Jasho linamtoka, kifua kinapanda na kushuka, na karibu hapumui.

Mjomba ametoka Mombasa akasoma 94 Nairobi. Ni mgonjwa?

Si lazima. Nairobi iko kama mita 1,700 juu ya bahari. Oksijeni bado ni 21% ya hewa kama ilivyo Likoni, Mombasa, ila shinikizo la hewa huku ni kama asilimia 80 ya la pwani, kwa hiyo kila pumzi hubeba pungufu. Kwa mtu mzima asiye na dalili, 94 hapa haitishi. Chini ya 90 akiwa amepumzika ni dharura popote alipo.

Julai tunalala na jiko la makaa ndani. Dirisha likiwa wazi kidogo inatosha?

Haitoshi. Makaa hutoa kaboni monoksaidi, ambayo haina harufu na hung'ang'ania damu kwa nguvu takriban mara 200 kuliko oksijeni. Oksimita ya kawaida haitofautishi hizo mbili. Mtu anaweza kuwa anakufa nayo inasoma 98. Mkiamka wote na kichwa kinachogonga na kichefuchefu, tokeni nje kwanza, kisha hospitali.

Amefanyiwa upasuaji, amewekewa oksijeni, analala fofofo. Si ni vizuri apumzike?

Jaribu kumwamsha. Dawa kali za maumivu kama mofini hupunguza mwendo wa kupumua. Barakoa ya oksijeni huweza kuifanya namba ya kidole ipendeze ilhali anapumua mara 7 kwa dakika na kabonidayoksaidi inajikusanya, nayo ikizidi humlaza zaidi. Asipoamka upesi, mwite muuguzi papo hapo. Usione haya kumsumbua.

Na mtoto?

Mfunue shati akiwa ametulia, halii wala hanyonyi, uhesabu dakika nzima. Pumzi 60 au zaidi kwa aliye chini ya miezi 2, 50 kwa wa miezi 2 hadi 11, na 40 kwa wa mwaka 1 hadi 4: huko ndiko kupumua haraka, na huenda ni nimonia. Sehemu ya chini ya kifua ikibonyea ndani anapovuta pumzi, au akishindwa kunyonya, usingoje kupambazuke.

Baba yuko ICU, chumba cha wagonjwa mahututi, kwenye ventileta, mashine ya kumsaidia kupumua. Wamempima urefu kwa utepe akiwa kitandani. Wanapima jeneza?

Pole sana. Hapana. Ukubwa wa mapafu hufuata urefu na jinsia, si kitambi. Mashine husukuma hewa ndani kwa shinikizo, kinyume na tunavyopumua wenyewe, na ikisukuma kupita kiasi hujeruhi. Kwa mapafu yaliyovimba vibaya, madaktari hulenga karibu mililita 6 kwa kila kilo ya uzito unaokadiriwa kutokana na urefu huo. Pengine watamlaza kifudifudi ili sehemu za mgongoni za mapafu zifunguke.

Mashine haiponyi, inamshikilia wakati dawa na mwili vinafanya kazi. Mwaka 1952 kule Copenhagen, Denmark, polio ilipolemaza misuli ya mamia ya watu, daktari Bjørn Ibsen aliwapanga wanafunzi wa udaktari kubinya mifuko ya hewa kwa mikono, usiku na mchana, na vifo vikapungua sana.

Wakianza kumwachisha baba mashine, watamjaribu apumue mwenyewe kwa nusu saa au zaidi kabla ya kutoa mpira kooni. Akitolewa sauti itakwaruza kwa siku kadhaa. Usimletee uji mpaka muuguzi ahakikishe anameza sawasawa, kwa sababu ukipita njia ya hewa utamrudisha kwenye mashine.