Libfreetype: faili moja linalochorea programu nyingi herufi

Ukikaa na mfumo wa kompyuta wa Linux muda mrefu, kuna siku programu itagoma kufunguka ikidai kuwa faili la libfreetype.so.6 halionekani. Hapo utajiuliza: mimi nilitaka kupiga hesabu zangu tu, mambo ya fonti yameingiaje?

Yameingia kwa sababu programu nyingi hazichori herufi zenyewe. Mwenye duka mtaani si lazima ajue kuandika bango. Anamwita fundi wa mabango, yuleyule aliyemwandikia kinyozi wa jirani na duka la dawa la ng'ambo ya barabara. Kwenye kompyuta, fundi huyo huitwa maktaba ya pamoja: faili lenye msimbo uliokwisha kuandikwa, likawekwa mahali pamoja ili programu yoyote yenye shida ile ilitumie. Kwenye Linux mafaili ya namna hii huishia na .so (mara nyingi ikifuatwa na namba ya toleo), kwenye Windows .dll, kwenye Mac .dylib.

Libfreetype ni faili la mradi uitwao FreeType, ulioanzishwa na David Turner mwaka 1996. Ni wa bure na msimbo wake uko wazi, ndiyo maana umeenea hivi: Linux, simu za Android, na kwa miaka mingi kivinjari cha Chrome. Windows na Apple wana mafundi wao, DirectWrite na Core Text, lakini hata kwenye Windows ukifungua folda ya programu kama GIMP, ya kuhariri picha, utaikuta libfreetype imejikalia humo.

Sasa kazi yenyewe. Watu wengi hudhani fonti ni mkusanyiko wa picha za herufi. Kwa kawaida sivyo. Herufi "a" ndani ya fonti ni maelezo: anzia nukta hii, pinda kuelekea ile, rudi ulikotoka, yote yakipimwa kwenye gridi ambayo mara nyingi ina vipimo 1000 au 2048. Skrini haijui mikunjo. Inajua vijimraba tu, yaani pikseli. FreeType husoma maelezo hayo, huyapunguza hadi ukubwa unaotakiwa, kisha hupima kila pikseli imefunikwa na wino kiasi gani. Iliyofunikwa nusu hupewa kijivu, katika ngazi 256, na jicho likadanganyika kuwa ukingo ni laini.

Ugumu uko kwenye maandishi madogo. Mguu wa "m" ukitoka na upana wa pikseli moja na theluthi, uchorwe vipi? Fonti za TrueType hubeba ndani yake vijiprogramu vya kusogeza mistari ikae sawasawa juu ya pikseli. Apple ilikuwa na hataza juu ya mbinu hiyo, yaani haki ya kisheria ya kuwazuia wengine kuitumia, kwa hiyo kwa miaka kadhaa FreeType iliizima. Hataza zilipokwisha Mei 2010, toleo la 2.4 la mwaka huohuo likaiwasha.

Kuna jambo ambalo FreeType haifanyi: kupanga herufi. Kiswahili cha herufi za Kilatini hakisumbui sana, ila tukiandika kwa herufi za Kiarabu, kama zilivyo hati za zamani za Lamu na Mombasa, "be" ya mwanzo wa neno ina umbo tofauti na ya mwisho. Kuchagua umbo ni kazi ya maktaba nyingine, HarfBuzz. Jina lake ni la Kiajemi, maana yake herufi wazi, na hiyo "harf" ni ndugu wa damu wa "herufi" yetu.

Kutegemea fundi mmoja kuna hatari yake. Oktoba 2020 iligundulika kasoro katika namna FreeType ilivyosoma picha za PNG zilizomo ndani ya fonti, na wadukuzi walikuwa wameshaanza kuitumia. Fonti iliyotegwa ilitosha kuwapa upenyo. Toleo la 2.10.4 likatoka kuiziba. Ukisasisha faili la pamoja, programu zote zinazolitegemea hupona kwa mkupuo. Zilizobeba nakala zao binafsi, kama Chrome ilivyokuwa wakati ule, husubiri wenyewe wazisasishe.

Turudi kwenye ule ujumbe. Mara nyingi huwapata wenye seva, yaani kompyuta za kuhudumia nyingine, zilizopunguzwa hadi mifupa. Seva haina skrini, kwa hiyo aliyeiandaa hakuona haja ya fonti, kumbe programu iliyoandikwa kwa lugha ya Java inayotoa risiti za PDF inahitaji kuchora herufi. Au programu ni ya biti 32 na mfumo ni wa biti 64, basi faili lipo ila si la aina yake. Kwenye Debian na Ubuntu, ambazo ni aina za Linux, pakiti ya kusakinisha ni libfreetype6. Kwa ile ya biti 32, ni libfreetype6:i386, baada ya kuuruhusu mfumo kupokea pakiti za aina hiyo. Kwenye Windows, sakinisha upya programu iliyolalamika. Zile tovuti zinazogawa mafaili ya .dll mojamoja ziache zilivyo, maana hujui aliyelipakia faili hilo ameweka nini ndani.